Shukujo to Hige: ndevu, wembe na kazi

Shukujo to Hige, yaani "Binti Muungwana na Ndevu", ni filamu bubu ya vichekesho kutoka Japani, iliyotolewa mwaka 1931 na kampuni ya Shochiku. Muongozaji wake ni Yasujiro Ozu (1903–1963).

Kisa chenyewe ni hiki. Okajima, anayeigizwa na Tokihiko Okada, ni mwanafunzi hodari wa kendo, mchezo wa kupigana kwa panga za mianzi. Ana ndevu tele na mavazi ya kizamani, ilhali vijana wenzake wa Tokyo wamehamia suti. Kwenye sherehe ya dadake rafiki yake, wasichana wanamcheka. Siku moja anamwokoa Hiroko, mpiga taipu, mikononi mwa mwanamke mporaji. Baadaye anatafuta kazi na kunyimwa. Hiroko anamwambia ukweli: ni hizo ndevu. Ananyoa, anapata kazi hotelini, na mabinti wanaanza kumgombania.

Filamu bubu Japani hazikuonyeshwa kimyakimya. Kando ya pazia alisimama benshi, msimulizi aliyeeleza kisa na kuigiza sauti za wahusika. Aliyewahi kumsikiliza DJ Afro ataelewa mara moja. Ozu mwenyewe alitoa filamu yake ya kwanza yenye mazungumzo mwaka 1936.

Kwetu Utange, kichekesho hiki kinagusa penye kidonda. Ndevu kwetu ni sunna, na kijana akirudi kutoka mjini bila kazi, baraza zima humshauri: nyoa, chomekea shati. Lakini tazama vizuri, ndugu msomaji. Wembe haukumwongezea Okajima ushujaa wala uaminifu. Alikuwa navyo tangu mwanzo; kilichobadilika ni macho ya watu. Hiroko alimthamini angali na ndevu, na ndiye anayebaki naye. Aliyejirekebisha kweli ni yule mporaji, anayeamua kuacha uovu baada ya kutendewa utu, na hakuhitaji kinyozi.

Kujiweka nadhifu, kufika mapema na kujifunza ufundi ni wajibu wa kila mtafuta kazi. Lakini wewe mwenye kuajiri, muulize kijana anajua kufanya nini kabla ya kumpima kidevu. Wazee walishasema: uzuri wa mkakasi, ndani kipande cha mti.