Pembe na Shamba: Safari ya Siku Moja kwenda Mwaluganje

Wanahistoria wa pwani yetu wamezoea kumpima ndovu kwa mizani. Tukivifungua vitabu vyao twakuta hesabu ya frasila zilizoshushwa bandarini, bei ya kila frasila na nchi ya mnunuzi. Lakini ndovu mwenyewe, yule aliye hai, anywaye maji mtoni na kung'oa mihogo usiku, aghalabu hatumkuti. Wala hatumkuti mtu aliyelala na njaa kwa kuwa ndovu huyo alipita shambani mwake. Pembe ina historia yake. Ndovu na jirani yake hawana. Naandika insha hii kwa sababu ya safari ya siku moja iliyonionyesha upungufu huo, mimi ambaye kwa miaka mingi nimesomesha habari za biashara ya pembe nisiuone.

Safari yetu ilianza asubuhi mjini Mombasa, mahali paitwapo Mapembeni. Hapo pembe kubwa za alumini zimepinda juu ya Barabara ya Moi, jozi moja kila upande, na magari hupita chini yake kutwa kucha. Zilisimamishwa katika miaka ya 1950 kwa heshima ya wageni wa ukoo wa kifalme wa Uingereza, na tangu hapo hapana mgeni azuruye mji asipigwe picha chini yake. Mji haukukosea kuchagua alama hiyo. Lakini alama ni ya pembe. Haina kichwa, haina masikio, haina mkonga. Ni ndovu kama alivyojulikana bandarini.

Tulikuwa watu kumi na watatu, mimi na wanafunzi wangu kumi na wawili, pamoja na kiongozi wetu, kijana wa Kidigo mwenye maneno machache. Alituhesabu, akatupandisha garini, akaketi mbele. Wakati wa misafara ya zamani mtu aliyetangulia na bendera aliitwa kiongozi, na watu wa bara wakamwita kirangozi. Neno safari, ambalo dunia nzima imeliazima kutoka kwetu kwa maana ya kwenda kutazama wanyama, zamani hizo liliutaja msafara wenyewe, yaani wapagazi na mizigo yao. Hamed bin Muhammed el-Murjebi, aitwaye Tippu Tip, aliyefariki Unguja mwaka 1905, aliandika maisha yake kwa Kiswahili, na safari alizozieleza humo zilikuwa hasa za kutafuta pembe. Basi sisi nasi tulikuwa safarini, tuna kirangozi wetu. Ila tulikwenda mikono mitupu, na tulitumaini kurudi mikono mitupu.

Tulivuka kwa feri ya Likoni, tukashika njia ya kusini baina ya minazi na mikorosho, kisha kule Kombani tukaiacha barabara kuu na kupanda kuelekea Kwale. Mwaluganje ni kama kilomita 45 tu kutoka Mombasa. Njiani wanafunzi waliniomba niwape habari za pembe, nami nikawapa zile nilizozizoea.

Niliwaambia kwamba biashara hii ni kongwe kuliko miji yetu ya mawe. Kitabu cha mabaharia wa Kiyunani cha karne ya kwanza kinataja pembe kuwa bidhaa kubwa ya soko la Rhapta katika pwani hii. Katika karne ya 10 al-Masudi, mwanachuoni wa Baghdad aliyeifikia nchi ya Zanj, aliandika kuwa pembe zilipelekwa Omani, na kutoka huko zikaenda Bara Hindi na Uchina. Wahindi walichonga bangili za maharusi. Karne ya 19 ikaleta wanunuzi wapya: mwaka 1833 Seyyid Said alifanya mkataba wa biashara na Marekani, na mwaka 1837 akautwaa mji wa Mombasa kutoka kwa Mazrui. Wamarekani walileta kitambaa ambacho mpaka leo twakiita merikani, wakachukua pembe za kufanyia vitana na vibonyezo vya piano. Katika jimbo la Connecticut uko mji mdogo uitwao Ivoryton, ambao jina lake limetokana na pembe zilizobebwa mabegani na watu wa bara letu.

Niliwaeleza pia kwamba lugha yetu ina alama ya mizani hiyo. Pembe ndogo tuliiita kalasha, na iliyoizidi tukaiita buri. Wakamba waliozileta Mombasa kupitia nchi ya Rabai humwita mnyama huyu nzou. Wayao waliozipeleka Kilwa husema ndembo. Na Wadigo, ambao nchi yao tulikuwa tukiipita, husema ndzovu. Hapo kiongozi wetu aligeuka kwa mara ya kwanza, akasema, "Mwalimu, majina ya pembe mmeyahifadhi vyema. Je, lipo jina la usiku wa kulinda shamba?" Nilicheka, nikidhani ni mzaha. Hakucheka yeye.

Msomaji asiyezijua sehemu hizi na aielewe kwanza ardhi yenyewe. Vilima vya Shimba vimeinuka nyuma ya pwani, na msitu wake ulitengwa na serikali ya kikoloni mwaka 1903. Mwaka 1968 sehemu kubwa ya msitu huo ilifanywa hifadhi ya taifa, na ndiyo makao ya palahala wa pekee walio katika nchi ya Kenya. Upande wa kaskazini uko msitu mwingine, wa Mwaluganje. Baina ya misitu hii miwili palikuwa na mashamba ya Wadigo na Waduruma, watu wa Mijikenda, waliolima mahindi na mihogo. Serikali ilipochora mipaka yake haikumwuliza ndovu apitapo, wala haikumwuliza mkulima alalapo. Ndovu aliendelea kupita njia yake ya tangu zamani kutoka msitu mmoja hadi mwingine, na njia hiyo ilikuwa katikati ya mashamba. Wahenga walisema, ndovu wawili wakisongana, ziumiazo ni nyika. Hapa nyika iliumia hata ndovu wasiposongana, yatosha walipita.

Katikati ya miaka ya 1990 jambo jipya lilifanyika. Wenye mashamba waliafikiana, kwa msaada wa Shirika la Wanyamapori la Kenya, kuziunganisha ardhi zao na kuacha kuzilima, ili ziwe hifadhi ya ndovu. Ardhi ilibaki mali yao. Wageni wangelipa kiingilio, na kila mwenye shamba angepata fungu lake katika mapato. Baadaye zikaongezwa kazi nyingine ndogo ndogo, mojawapo ikiwa ni kufanya karatasi kwa mavi ya ndovu, ambayo huuzwa kwa wageni.

Tuliingia langoni kabla ya jua kuwa kali. Bonde la mto Manolo lilikuwa chini yetu, na mibuyu imesimama mmoja mmoja kama wazee barazani. Tuliwakuta ndovu karibu na maji, kundi la kumi na mmoja, wakiwamo watoto wawili. Wanafunzi wangu, ambao husema sana, walinyamaza. Mtoto mmoja wa ndovu aliteleza matopeni, na majike watatu wakamgeukia kwa pamoja. Tulikaa hapo kama saa nzima. Nakiri kwamba katika saa hiyo nilijua juu ya ndovu mambo ambayo frasila zote za vitabu vyangu hazikunijulisha.

Tulipokuwa tukirudi, kiongozi alisimamisha gari karibu na mwembe mkubwa uliozungukwa na vichaka. Alitwambia tuutazame, kisha akaamuru gari liendelee. Hatukuelewa. Mwembe si mti wa mwituni. Lakini hapana miongoni mwetu aliyeuliza ni nani aliyeupanda.

Nje ya lango alikuwapo mzee mmoja amekaa juu ya gogo, kofia kichwani, bakora mkononi. Wanafunzi walimwamkia, "Shikamoo, babu."

"Marahaba, wajukuu zangu. Mmewaona ndovu?"

"Tumewaona, babu. Kumi na mmoja."

"Alhamdulillahi. Na shamba langu, mmeliona?"

Tulitazamana. Mzee akasema bila hasira, "Liko pale penye mwembe. Marehemu baba aliupanda. Pale ndipo tulipokesha na mienge, tukapiga madebe mpaka mikono ikafa ganzi, na asubuhi tukakuta hapana hata bua. Mwaka mmoja walikula mpaka mbegu tuliyoiweka akiba. Tulipoitwa mkutanoni, nami nikatia dole gumba langu. Watu husema nilimpa ndovu shamba. Sikumpa. Nilimpangisha. Tena mpangaji wangu hana mfuko. Kodi yake mnamlipia ninyi. Mkija, nala. Msipokuja, yeye akaa bure, nami sina mahindi wala kodi."

Mwanafunzi mmoja alimwuliza kama anajuta. Mzee alifikiri, kisha akajibu, "Sijuti kwa ajili ya ndovu. Najuta kwa kuwa wanaokuja humtazama yeye, hawamtazami mwenye nyumba."

Maneno hayo yalinirudisha kwenye masomo yangu kwa njia nisiyoitarajia. Yapo mambo mawili ambayo sisi wanahistoria tumeyahesabu kuwa ni mwanzo na mwisho. Mwanzo ni biashara ya pembe. Mwisho ni kukatazwa kwake. Kenya ilipiga marufuku uwindaji mwaka 1977. Ndovu wake, waliokadiriwa kuwa zaidi ya 160,000 mwanzoni mwa miaka ya 1970, walikuwa wamepungua hata chini ya 20,000 mwaka 1989. Mwezi wa Julai mwaka huo Rais Daniel arap Moi aliwasha moto katika mbuga ya Nairobi na kuteketeza tani 12 za pembe, na kabla mwaka haujaisha mataifa yakakubaliana kuzuia biashara ya pembe. Mwaka 2016 Rais Uhuru Kenyatta akateketeza tani 105. Moshi ule uliiambia dunia kwamba pembe iliyotengwa na ndovu isiwe na bei. Ulikuwa ujumbe mwema, nami nausifu. Lakini moshi haukusema ndovu aliye hai agharimu kiasi gani, wala nani alipe.

Gharama hiyo haikukoma. Ndovu walipookoka waliongezeka, na walipoongezeka walihitaji nafasi. Mwaka 2005 ndovu 150 walichukuliwa kwa malori kutoka Shimba na Mwaluganje, wakapelekwa Tsavo Mashariki, mwendo wa kilomita kama 160. Sheria ya wanyamapori ya mwaka 2013 iliweka fidia ya shilingi milioni 5 kwa mtu auawaye na mnyama. Haya ni maungamo ya serikali kwamba kuishi na ndovu kuna gharama, na kwamba gharama hiyo humwangukia jirani kwanza. Na mwaka 2020, maradhi ya korona yalipofunga njia za anga na wageni wa mbali wakakoma kuja, kila mtu aliyeijengea ndovu riziki yake aliona jinsi neno la yule mzee lilivyo kweli: msipokuja, mpangaji akaa bure.

Hapo ndipo mambo ya kale na ya sasa yanapokutana, na ndipo penye hatari. Katika karne ya 19 uhai wa ndovu wa bara ulitegemea matakwa ya mtu wa Connecticut aliyependa piano. Leo uhai wa ndovu wa Mwaluganje wategemea, kwa sehemu kubwa, matakwa ya mgeni apendaye kutazama. Upendo wa kutazama ni bora mara elfu kuliko tamaa ya pembe. Sitaki msomaji anielewe vinginevyo. Lakini vyote viwili hutoka mbali, na vyote viwili vyaweza kugeuka bila ya mwenye shamba kuulizwa. Tofauti moja kubwa ipo, nayo ndiyo inipayo matumaini: katika biashara ya pembe mkulima hakuwa na mkataba wowote, na leo anao. Alama ya dole gumba la mzee yule ni waraka wa historia sawasawa na mkataba wa mwaka 1833, na pengine ni waraka wa haki zaidi, kwa kuwa aliyeuweka ndiye mwenye kubeba mzigo wake.

Tulirudi Mombasa jua likizama, tukapita tena chini ya pembe za alumini. Hapana aliyetaka kupigwa picha. Usiku huo nilifungua daftari langu la mafunzo, penye jedwali la biashara ya pembe nililolitumia miaka yote. Lina safu tatu: uzito, bei na mnunuzi. Nikapiga mstari, nikaongeza safu ya nne, nikaiandika juu yake: shamba la nani.

Safu hiyo bado ni tupu, na vitabu havitaijaza. Itajazwa na wanafunzi watakaokwenda Kwale, Taita na Laikipia, wakae na wazee walinzi wa mashamba wangali hai, wawasikilize na kuandika. Nami nimekusudia kumwuliza kiongozi wetu lile swali nililolicheka. Endapo Kidigo kina jina la usiku wa kulinda shamba, nalitaka liingie katika kamusi zetu, kando ya kalasha na buri.