Zuio la muda katika migogoro ya haki za kusambaza filamu

Filamu huvuna sehemu kubwa ya mapato yake katika majuma ya mwanzo ya kuonyeshwa, ilhali kesi ya kuamua nani mwenye haki ya kuisambaza huweza kuchukua miaka. Pengo hilo huzibwa na zuio la muda, yaani amri ya mahakama inayomkataza mmoja wa wadaawa kuonyesha, kuuza au kupakia filamu mtandaoni hadi kesi ya msingi isikilizwe. Amri hiyo haisemi nani ameshinda. Kazi yake ni kuhifadhi hali ya mambo ili hukumu itakapotolewa isiwe imepitwa na wakati.

Migogoro hii huanzia kwenye mkataba. Haki ya kusambaza filamu hugawanywa kwa nchi, kwa muda na kwa njia: kumbi za sinema, televisheni, intaneti. Mtayarishaji anaweza kumpa msambazaji wa Nairobi kumbi za Kenya, kisha akamuuzia mwingine haki ya televisheni nchini Tanzania. Ugomvi huzuka pale haki moja inapouzwa mara mbili, muda unapokwisha na msambazaji akaendelea kuuza, au malipo yanapokosekana.

Masharti matatu

Nchini Kenya, kipimo kinachotumika kilitolewa mwaka 1973 na Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki katika shauri la Giella dhidi ya Cassman Brown. Kwanza, mwombaji aonyeshe kuwa ana kesi yenye uwezekano wa kufaulu. Pili, athibitishe kwamba bila zuio atapata madhara ambayo fidia ya fedha haitayatosheleza. Tatu, iwapo mahakama ina shaka, ipime ni upande upi utakaoumia zaidi.

Tanzania ina mwongozo unaofanana na huo, uliowekwa na Mahakama Kuu mwaka 1969 katika shauri la Atilio dhidi ya Mbowe. Huko pia huangaliwa kama kuna hoja ya msingi ya kuamuliwa, kama mahakama inahitaji kuingilia kati kabla madhara hayajatokea, na nani atataabika zaidi zuio likitolewa au likinyimwa.

Kwa filamu, sharti la pili ndilo gumu zaidi. Mdaiwa hudai kwamba hasara ya msambazaji ni fedha tu, na fedha hulipika. Mdai hujibu kwamba filamu ikishaonyeshwa na kunakiliwa hairudishwi tena, na kwamba hakuna ajuaye kwa hakika watazamaji wangapi wangelipia. Mahakama inaweza kufuata njia ya kati kwa kuiacha filamu iendelee kuonyeshwa, huku mdaiwa akitakiwa kutunza hesabu za mapato au kuweka dhamana.

Siku na miezi

Jambo likiwa la dharura, jaji anaweza kusikiliza upande mmoja pekee. Kanuni za Mwenendo wa Madai za Kenya za mwaka 2010 zinaruhusu amri ya namna hiyo kutolewa mara moja tu, kwa muda usiozidi siku 14, na kuongezwa mara moja kwa siku nyingine zisizozidi 14. Nchini Tanzania, Sheria ya Mwenendo wa Madai inaweka ukomo wa miezi sita kwa zuio la muda, na nyongeza zake zote zisivuke mwaka mmoja kwa jumla.

Siku 14 ni chache kwa mgogoro wa ardhi. Kwa filamu iliyokwisha kutangazwa na kumbi kukodiwa, zinaweza kuwa msimu mzima.

Funzo kutoka Marekani

Mfano unaojulikana ni wa filamu Watchmen. Mwezi Februari 2008 kampuni ya Fox iliishtaki Warner Bros. mjini Los Angeles, ikidai kuwa haki ilizozipata miaka mingi nyuma hazijawahi kuitoka mikononi. Warner ilijitetea kwamba Fox ilinyamaza wakati filamu ikitengenezwa. Tarehe 24 Desemba 2008 Jaji Gary Feess aliamua kwamba Fox ilikuwa na haki, angalau ya usambazaji. Uzinduzi ulikuwa umepangwa kufanyika tarehe 6 Machi 2009, na ombi la kuuzuia lilikuwa likisubiri. Mwezi Januari pande hizo zilipatana. Warner iliitoa filamu kwa tarehe ileile, na Fox ikapewa fedha pamoja na sehemu ya mapato. Tishio la zuio pekee lilitosha kuwakutanisha mezani.

Amri ya muda si hukumu

Kenya ilishuhudia upande wa pili wa nafuu hii, ingawa mgogoro wake ulihusu marufuku ya serikali wala si mkataba. Filamu Rafiki ya Wanuri Kahiu ilipigwa marufuku mwezi Aprili 2018. Tarehe 21 Septemba mwaka huo, Jaji Wilfrida Okwany aliisimamisha marufuku hiyo kwa siku saba, ili filamu ionyeshwe kwa watu wazima na kutimiza sharti la kuweza kupendekezwa kwa tuzo za Oscar. Kumbi zilijaa. Hata hivyo, mwezi Aprili 2020 Mahakama Kuu iliitupilia mbali kesi ya msingi. Siku zile saba hazikuweza kufutwa, lakini hazikuamua kesi.

Kwa mtayarishaji mdogo, mambo mawili hubeba uzito kabla ya yote. La kwanza ni maandishi: Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001 haiitambui leseni ya kipekee isiyoandikwa na kutiwa saini. La pili ni wakati. Zuio ni nafuu inayotegemea busara ya mahakama, na anayejua kwa miezi kadhaa kwamba haki yake inavunjwa, kisha akafika mahakamani usiku wa kuamkia uzinduzi, huulizwa kwanza alikuwa wapi.