Nyayo za Wakamba Zilizovuka Ruvuma

Simulizi yenyewe ni fupi. Mwanamume wa Wamunyu, kando ya barabara ya Machakos kwenda Kitui, alichukuliwa wakati wa Vita Kuu ya Kwanza akapelekwa Tanganyika. Huko akakutana na Wamakonde, watu wenye asili ya Msumbiji, wakati huo koloni kubwa la Mreno, nao wakamfundisha kuchonga vinyago. Vita vilipokwisha akarudi na ufundi wake, akawafundisha jamaa na majirani, na vinyago vya Wakamba vikaanza safari ya Nairobi, Mombasa na Ulaya. Nimeisikia hivyo Kitui mjini, nimeisikia Wote, Makueni, nimeisoma katika vijitabu vya watalii. Kila anayeisimulia ana uhakika. Uhakika huo umetoka wapi?

Nilianza na tarehe, kwa sababu tarehe hazimpendelei mtu. Vita vilifika Afrika Mashariki Agosti 1914. Kwa muda mrefu majeshi ya Waingereza yalikwama mpakani mwa Tanganyika ya Wajerumani, upande wa Taveta. Dar es Salaam ilitekwa Septemba 1916. Nchi ya Wamakonde iko kusini kabisa: Newala upande wa Tanganyika, Mueda ng'ambo ya Mto Ruvuma. Vikosi vya Waingereza vilifika Newala mwishoni mwa 1917. Kwa hiyo mtu wa Ukambani aliyekuwa upande wao asingeweza kukaa na Wamakonde kwao kabla ya hapo, na baada ya hapo hakukuwa na utulivu wa kukaa chini ya mti na kujifunza patasi. Kama kweli alifundishwa, basi alifundishwa wapi?

Watafiti waliochunguza biashara ya vinyago katika miaka ya 1950 wanatoa jibu jingine. Wao wanawataja Wazaramo, katika misheni ya Kilutheri karibu na Dar es Salaam. Hili linakubaliana vizuri zaidi na kalenda ya vita. Wazaramo nao walikuwa wachongaji wa siku nyingi; mwana hiti wao, sanamu ndogo ya mti aliyopewa mwali, anajulikana sana. Hata hivyo sikuharakisha kulikubali. Tangu mwanzoni mwa karne ya 20 Wamakonde walikuwa wakivuka Ruvuma kwenda kaskazini, wakikimbia kodi na kazi za kulazimishwa katika eneo la Msumbiji ambalo Ureno ililikabidhi kwa kampuni binafsi yenye hati ya kulitawala. Huenda mmoja wao alikuwa Dar es Salaam siku hizo. Lakini je, kazi ya mikono inaunga mkono dhana hiyo?

Niliangalia vinyago. Vile vya Kimakonde vinavyotujia akilini leo, mashetani ya mpingo na watu waliopandana mmoja juu ya mwingine, vilianza miaka ya 1950 mikononi mwa wahamiaji wa Msumbiji waliokuwa Tanganyika. Kabla ya hapo Wamakonde walichonga hasa vinyago vya kuvaa ngomani na sanamu za wanawake. Wamunyu ilikuwa tayari inauza twiga, swala, wazee wenye mikuki na miiko ya saladi. Sioni alama ya Mueda katika kazi hizo. Naona hapa jambo la kawaida: jina lililopata sifa baadaye limepachikwa juu ya kisa cha zamani, na wauzaji wa vinyago hawakuwa na sababu ya kulikataa. Ikiwa ni hivyo, Ukambani kwenyewe kulikuwa na nini kabla ya vita?

Kulikuwa na mafundi. Makumbusho ya Ulaya yana vigoda vya wazee wa Kikamba, vya miguu mitatu, vilivyopambwa kwa waya mwembamba uliogongelewa ndani ya mti kwa mkono usiotetemeka. Kulikuwa na fimbo, miiko, vibuyu vilivyonakshiwa, na wahunzi waliofua mikufu myembamba mno. Huyo mwanamume wa Wamunyu mwenyewe husemekana alikuwa akichonga kabla hajaondoka. Alichorudi nacho, kwa maoni yangu, ni wazo kwamba sanamu isiyo na kazi nyumbani inaweza kuuzwa kwa mgeni. Hilo si dogo, lakini si sawa na kufundishwa kushika shoka. Kwa nini basi tumekubali kwa urahisi kwamba ufundi wetu ni wa kupewa?

Nilitaka karatasi. Nikaingia katika ripoti za wilaya za miaka ile, za Kitui na za Machakos, maana Makueni haikuwa wilaya peke yake hadi 1992. Zinazungumza juu ya kodi, mvua, mifugo na machifu. Wanaume waliochukuliwa vitani wanaonekana kwa idadi tu. Njia ya mchongaji ikaishia hapo. Ila nilipokuwa nikifunga majalada, zile idadi ndizo zilizonikaa rohoni. Tunamkumbuka mmoja aliyerudi na patasi. Wale wengine walikwenda wapi?

Wengi walikuwa wapagazi. Sheria ya 1915 iliruhusu wachukuliwe kwa lazima, na msako mkubwa kuliko yote ulikuwa wa 1917. Kitui haikupitiwa na reli, kwa hiyo safari ilianza kwa miguu. Upande wa Makueni wa leo reli ilikuwapo, Sultan Hamud, Makindu, Kibwezi. Mzigo ulikuwa wa kilo 25 hivi. Mshahara ulishushwa hadi rupia 5 hivi kwa mwezi. Chakula kilikuwa unga wa mahindi uliosagwa vibaya na kupikwa haraka, na kuhara damu kuliua watu kuliko risasi. Hesabu rasmi inataja zaidi ya wapagazi 40,000 waliokufa, na wanahistoria wengi wanaiona ndogo. Mwisho wa njia hiyo ulikuwa wapi?

Ulikuwa Msumbiji. Tarehe 25 Novemba 1917 Wajerumani walivuka Ruvuma huko Ngomano na kuipiga kambi ya Wareno. Waingereza wakateremsha vikosi Porto Amelia, mji unaoitwa Pemba leo, wakaanza kuwafuata ndani ya koloni hilo. Waliwafuata kusini hadi karibu na Quelimane, Julai 1918, kisha kaskazini tena, mpaka Wajerumani walipovuka kurudi Tanganyika mwishoni mwa Septemba. Maboksi mengi ya risasi na magunia mengi yaliyotoka pwani kwenda bara yalipita vichwani mwa watu. Askari wa Kikamba walikuwemo katika vikosi hivyo, na wapagazi wa Kenya walikuwemo nyuma yao. Kisha ikaja homa kali ya 1918, na nyumbani mvua ikakosa kunyesha. Ni kijiji gani cha Ukambani kingekuwa na nguvu ya kuhesabu wasiorudi?

Sasa naamini nilikuwa nikitafuta Msumbiji mahali pasipofaa. Uhusiano wetu na koloni lile la Mreno hauko katika kinyago. Uko katika miguu ya wanaume waliotembea huko na hawakusimuliwa. Nairobi kuna mnara wa 1928 wenye sanamu tatu za shaba, mojawapo ya mpagazi, bila jina la mpagazi hata mmoja. Lumbo, mkabala na Kisiwa cha Msumbiji, palipokuwa na hospitali ya vita, kuna makaburi ya Waingereza yanayotunzwa hadi leo. Mwaka 2021 ripoti iliyotolewa Uingereza ilikiri kwamba Waafrika wengi wa vita vile hawakuandikwa popote kwa majina. Lakini familia zina majina ya babu zao, na bado wapo wazee wa Mutomo, Mwingi na Kibwezi wanaoweza kutaja nani katika ukoo alichukuliwa akapotea. Orodha hiyo inaweza kuanza kuandikwa huku, bila kungoja jalada la mtu yeyote. Nani katika ukoo wako aliondoka mwaka 1917?