Tarehe ya Wafumaji wa Nguvu Moja

Gurudumu la Wakati lina spoki saba, na kila spoki ni zama moja. Linapozunguka, maisha ya watu huwa nyuzi, na nyuzi hizo hufumwa zikawa Nakshi, yaani ulimwengu na vyote vilivyomo. Ndivyo alivyoueleza Robert Jordan, mwandishi wa Charleston, South Carolina, katika riwaya yake ndefu The Wheel of Time, ambayo juzuu yake ya kwanza ilitoka mwaka 1990. Kinachozungusha gurudumu hilo ni Chanzo, nacho kina nusu mbili: saidar, nusu ya wanawake, na saidin, nusu ya wanaume. Mwenye kipawa huvuta Nguvu Moja kutoka nusu yake, akaitoa katika nyuzi tano za Ardhi, Hewa, Moto, Maji na Roho, kisha akafuma. Kwa uzi wa Hewa peke yake anaweza kumfunga mtu asiinue hata kidole.

Jordan alisomea fizikia, akawa mhandisi wa nyuklia katika jeshi la majini la Marekani, na mkono wa mhandisi unaonekana humu. Mfumaji ana kipimo chake, na akivuta kupita kipimo huungua, afe au asivute tena maisha yake yote. Kazi iliyokwisha inaweza kupigwa fundo ikabaki imesimama yenyewe. Isipopigwa fundo, mfumaji akiachia tu, inafumuka. Mwanamke huipata saidar kwa kujiachia kwayo, mwanamume huipata saidin kwa kupigana nayo kila dakika. Wala mwanamume haoni nyuzi za mwanamke, wala mwanamke hazioni za mwanamume. Katika sheria hii ya mwisho ndimo ilimojificha tarehe yote ya kazi hii, maana hawa ni mafundi wa kitambaa kimoja wasioweza kutazamana mikono.

Katika Zama za Hekaya walifanya kazi pamoja, wote wakiitwa Aes Sedai, na kazi kubwa kuliko zote zilitaka nusu zote mbili. Kisha watafiti, miongoni mwao mwanamke aitwaye Mierin, wakatafuta nguvu isiyogawanyika, ambayo mke na mume wangeivuta sawasawa. Walipodhani wameipata wakatoboa, kumbe wametoboa gereza la Bwana wa Giza. Nia yao ilikuwa njema, na ndiyo maana sura hii inaniuma kuliko vita vyote vilivyofuata.

Vita na Bwana wa Giza vilipowaelemea, Lews Therin Telamon, kiongozi wa Aes Sedai, alitaka waende Shayol Ghul, mahali pa tundu hilo, wanaume na wanawake pamoja, wakalizibe lile tundu. Latra Posae, kiongozi wa wanawake, aliona hatari ni kubwa mno, akawafunga wanawake kwa ahadi kwamba hakuna atakayekwenda. Wanaume wakaenda peke yao. Tundu wakaliziba, lakini Bwana wa Giza akarudisha pigo, na saidin ikatiwa najisi. Wasomaji wamebishana miaka mingi nani alikosa. Mimi nasema Latra Posae aliiokoa saidar bila kujua, kwani wangekwenda wote huenda nusu zote mbili zingechafuka. Kosa kubwa lilikuja baadaye.

Kwa najisi hiyo wanaume waliovuta Nguvu wakaingia wazimu mmoja mmoja. Lews Therin aliua mkewe Ilyena, watoto wake na jamaa zake wote, na aliporudishiwa akili akaona alichofanya, alivuta Nguvu nyingi kiasi cha kujiua, na pale alipofia ukainuka mlima. Wengine walibomoa milima na kuhamisha bahari. Walipokwisha kufa, wanawake waliosalia walijenga Mnara Mweupe katika kisiwa cha Tar Valon, wakajigawa kwa rangi katika vikundi saba viitwavyo Ajah. Ajah Nyekundu ikachukua kazi ya kuwasaka wanaume wenye kipawa na kuwakata na Chanzo. Aliyekatwa hakudumu sana, hamu ya kuishi ilimtoka. Hali hiyo ikaenda zaidi ya miaka 3,000, na humo ndimo lilimo kosa. Hofu ya mwanzo ilikuwa na sababu, lakini ikageuka desturi, na desturi ikafundishwa kama elimu.

Mnara ulilinda heshima ya kazi, hilo lazima lisemwe. Ili mwanafunzi avishwe shali ya Aes Sedai, hutakiwa kufuma namna 100 tofauti kwa utaratibu uliopangwa, uso umetulia, huku maono ya kutisha yakiletwa mbele yake ili akose. Nyingi kati ya hizo hazina faida yoyote. Kinachopimwa ni utulivu wa mkono. Lakini maarifa yalizidi kupungua. Hawakujua tena kufungua mlango wa kutoka nchi moja hadi nyingine kwa hatua moja. Uganga wao ulibaki na nyuzi tatu, Roho, Hewa na Maji, na kwa aliyekatwa na Chanzo walisema hakuna dawa.

Nynaeve al'Meara hakukulia Mnarani. Alikuwa mganga wa mitishamba wa kijiji cha Emond's Field, na alikataa kuambiwa kuna jeraha lisilotibika. Katika juzuu ya sita, ya mwaka 1994, anampekua Logain, mwanamume aliyekatwa. Anakuta ndani yake mahali pameachana, kama uzi uliokatika, na bila kutarajia makubwa anatupa daraja la Moto na Roho juu ya pengo. Logain anarudi na nguvu zake zote. Baadaye Nynaeve anawatibu wanawake wawili kwa njia ileile, nao wanarudi, lakini dhaifu kuliko walivyokuwa. Wanawake wengine waliokatwa walipokuja kutibiwa na mwanamume, Damer Flinn, walirudi wazima. Kwa hiyo dawa kamili ya kila upande ilikuwa mkononi mwa upande wa pili, nao kwa miaka yote hiyo walikuwa wakisakana.

Saidin ilisafishwa katika Winter's Heart, juzuu ya mwaka 2000. Rand al'Thor, shujaa mkuu wa riwaya, aliungana na Nynaeve, akafanya bomba la saidar na kuisukuma saidin kupitia humo hadi mji uliolaaniwa wa Shadar Logoth, uovu ukala uovu, na mji ukageuka shimo.

Jordan alifariki mwaka 2007 kabla ya kumaliza, ila tukio la mwisho alikuwa ameliandika. Mjane wake Harriet McDougal, ambaye ndiye aliyekuwa mhariri wake, alimpa Brandon Sanderson kazi ya kumalizia, na juzuu ya 14 ikatoka mwaka 2013. Ndani yake Rand anaingia Shayol Ghul na wanawake wawili, Nynaeve na Aes Sedai Moiraine, na tundu linazibwa kwa saidin na saidar pamoja. Logain naye, aliyewahi kuburutwa kama mhalifu, anawaongoza wanaume wa Mnara Mweusi, shule ya wanaume wenye kipawa, kuwaokoa wakimbizi vitani, na baadaye akina mama wanataka watoto wao wa kiume wapimwe kipawa.