Nambis iko mbali na bahari, lakini mvua yake inaanzia huko: fahamu inavyopimwa

Mkazi wa Nambis, wilayani Mbulu, anaweza kumaliza mwaka mzima bila kuona bahari. Kutoka huko hadi pwani ya Tanga ni zaidi ya kilomita 350. Hata hivyo, mvua ya vuli inayonyesha kwenye shamba lake la mahindi na maharage inategemea sana joto la Bahari ya Hindi.

Inakuwaje?

Kuna miaka ambayo maji ya bahari upande wetu wa Afrika Mashariki yanapata joto kuliko kawaida, huku yale ya upande wa Indonesia yakipoa. Maji ya joto hutoa mvuke mwingi, na pepo zinausukuma kuja bara. Hapo vuli, yaani Oktoba hadi Desemba, huwa na mvua nyingi.

Hali ikigeuka, joto likahamia Indonesia, sisi tunabaki na jua. Wataalamu wanaita mfumo huu Dipole ya Bahari ya Hindi, na ulielezwa rasmi mwaka 1999.

Mwaka 1997 na 2019 joto lilikuwa upande wetu, mvua ikazidi. Mwaka 2016 na 2022 lilikuwa upande wa pili, maeneo mengi ya Afrika Mashariki yakakauka.

Sio El Niño peke yake

Wengi wakisikia El Niño wanajua mafuriko yanakuja. Lakini El Niño ni joto la Bahari ya Pasifiki, mbali kabisa na kwetu. Ile ya 2015 ilikuwa kubwa sana, ila vuli yetu haikufikia ile ya 1997. Mwaka 2023 zote mbili zilikutana: El Niño na dipole ya upande wetu.

Bahari inapimwa vipi?

Satelaiti hupima joto la maji ya juu na kimo cha bahari. Chini ya hapo kuna vyombo vya kuelea viitwavyo Argo, kama 4,000 duniani kote. Kila kimoja huzama hadi mita 2,000, na kila baada ya siku 10 hivi huibuka kikipima joto na chumvi, kisha hutuma taarifa kupitia satelaiti. Yapo pia maboya yaliyofungwa nanga katikati ya Bahari ya Hindi.

Vipimo hivyo vyote huchorwa ramani. Kwa kuwa bahari hubadilika polepole kuliko hewa, ramani ya Agosti inaweza kudokeza mvua ya Novemba.

Utabiri una mipaka

Mwaka 2023 Mamlaka ya Hali ya Hewa Tanzania (TMA) ilitahadharisha mapema kuhusu mvua za juu ya wastani. Desemba 3, sehemu ya Mlima Hanang ilimeguka na tope likashuka hadi Katesh na Gendabi. Watu zaidi ya 80 walifariki.

Bahari iliweza kuonyesha kwamba vuli ingekuwa nzito. Haikuweza kusema ni mteremko gani utaporomoka, wala siku gani. Kwa hilo kunahitajika vipimo vya mvua na udongo palepale mlimani, na watu kupewa taarifa haraka.

Pia masika, Machi hadi Mei, ni ngumu zaidi kutabiri kwa sababu haifuati dipole kwa karibu kama vuli.

Ufanye nini?

- Sikiliza utabiri wa vuli wa TMA kabla msimu haujaanza.
- Ukisikia "juu ya wastani", safisha mifereji na usijenge wala kulala kwenye njia ya maji au chini ya korongo.
- Ukisikia "chini ya wastani", chagua mbegu za muda mfupi na tunza malisho mapema.
- Utabiri wa msimu hautoshi. Fuatilia ule wa kila siku pia, hasa mvua ikinyesha mfululizo.