Mtunzi wa Lindi na vita vya Maji Maji

Anayetoka Lindi kwenda Masasi hupita Mtama, kisha Nyangao. Agosti 1905 wapiganaji wa Maji Maji, walioasi utawala wa Wajerumani (Wadachi), waliivamia misheni ya Wabenediktini hapo Nyangao, na Sista Walburga Diepolder akauawa. Wadachi walilipa kisasi kwa moto: vijiji vikachomwa, maghala ya nafaka yakateketezwa. Njaa iliyofuata iliua watu wengi kuliko risasi. Serikali ya Kijerumani ilikadiria vifo 75,000. Mwanahistoria Gilbert Gwassa alitaja kati ya 250,000 na 300,000.

Vita hivyo vilimpata mtunzi. Abdul Karim bin Jamaliddini, msomi wa Lindi, alitunga Utenzi wa Vita vya Maji-Maji, na ndani yake waasi ni wakosaji na serikali inasifiwa.

Kabla ya kumlaumu, tuutazame utawala alioishi chini yake. Mwaka 1895 Hassan bin Omari Makunganya, aliyewapinga Wajerumani, alinyongwa Kilwa Kivinje. Miaka kumi baadaye Kinjikitile Ngwale, mganga wa Maji Maji, alinyongwa Mohoro. Mtu wa kawaida alilimishwa pamba kwa lazima, na akigoma akala hamsa ishirini, yaani viboko 25. Maakida waliosimamia kodi na mashamba hayo wengi walikuwa watu wa pwani waliojua kusoma na kuandika, wakila mshahara wa Mdachi. Hata tungo za Kiswahili zilikusanywa na kuchapwa na Wajerumani, kama Carl Velten, aliyekuwa mkalimani wa serikali. Katika hali hiyo, kusifu kulikuwa ngao. Mwanahistoria José Arturo Saavedra Casco, katika kitabu chake cha mwaka 2007 kuhusu tenzi za vita, anaona kuwa chini ya sifa hizo kuna lawama iliyofichwa.

Naukubali utetezi huo, lakini hauondoi deni. Mkulima wa bara hakuwa na kalamu. Utenzi ulihifadhiwa, na mwanaisimu W. H. Whiteley akautoa tena mwaka 1957. Simulizi za vijijini zilikaa vinywani mwa wazee hadi 1968, wanafunzi wa chuo kikuu huko Dar es Salaam walipokwenda kuziandika. Kwa miaka mingi, aliyetaka kusoma vita hivi kwa Kiswahili alisikia kwanza sauti ya upande uliomtii Mdachi.

Basi shule zetu za Kusini zisomeshe vyote viwili, utenzi na simulizi. Msomi aliyejipendekeza ili aishi tunaweza kumhurumia. Hukumu yake juu ya waliokufa hatulazimiki kuirithi.