Orodha Kamili ya Kazi za Msanii Ndio Mwanzo wa Historia Yake

Mwanafunzi wangu mmoja kutoka Makueni aliniletea sura ya tasnifu kuhusu nyimbo za Kikamba za mwimbaji wa Kitui. Alikuwa amekata kauli kwamba msanii huyo huimba mapenzi tu. Nikamuuliza, umesikiliza nyimbo ngapi? "Kumi na mbili, Profesa. Ndizo zilizotokea nilipotafuta jina lake YouTube."

Naam, hapo ndipo penye kosa. Ukitafuta jina, mtambo hukuletea unachodhaniwa kukipenda, si kila alichopakia msanii.

Tatizo hili si geni Ukambani. Kakai Kilonzo, aliyefariki 1987, alirekodi katika enzi ya santuri ndogo za mizunguko 45 kwa dakika. Anayetaka kazi za wasanii wa enzi hiyo hana budi kuzisaka santuri moja moja, huku nyingine zikiwa zimevunjika au kupotea.

YouTube ilianzishwa 2005, na video yake ya kwanza ikapakiwa Aprili 23 mwaka huo. Tangu hapo kila video hubeba tarehe yake. Kwa mwanahistoria, hii ni neema. Lakini ataipataje orodha nzima?

Mosi, aingie kwenye chaneli yenyewe, afungue sehemu ya video na kuzipanga kuanzia za kale zaidi. Pili, asisahau video fupi na matangazo ya moja kwa moja, ambayo tangu 2022 yamewekwa kando. Tatu, kitambulisho cha chaneli huanza kwa herufi UC. Akizigeuza ziwe UU, kisha akiandike kitambulisho hicho baada ya youtube.com/playlist?list=, atapata video zote za hadharani mahali pamoja. Nne, ainakili orodha hiyo pamoja na tarehe.

Kwa nini ainakili? Neno lenyewe linatuonya. Kupakia tumelitoa kwenye mizigo ya majahazi na malori, na aliyepakia mzigo anaweza kuushusha. Video ikifutwa au kufichwa, haimo tena kwenye orodha. Msanii akibadilisha msimamo, ushahidi wa jana huenda nao.

Mwanafunzi wangu alirudi na orodha ndefu. Nyimbo za mwanzo kabisa zilihusu ukame, mashamba na vijana waliohamia Nairobi. Mapenzi yalikuja baadaye, watazamaji walipoongezeka. Sura ile, jamani, aliiandika upya yote.